Krapf, Mkunguru na Dawa Chungu

Sisi tukaao Mishomoroni hupita Kengeleni karibu kila siku tukielekea mjini, na ni wachache mno miongoni mwetu wanaokumbuka kwamba si mbali na hapo, upande wa Nyali unaotazamana na Mji wa Kale, wamelazwa mama na mtoto waliofariki Julai 1844. Mama huyo ni Rosine, mkewe Johann Ludwig Krapf. Wanafunzi wangu wa isimu humjua Krapf kwa kamusi yake. Walimu wa historia humfundisha pamoja na Mlima Kenya. Wako pia wanaomtaja kwa hasira, kwamba ndiye aliyetangulia kuwafungulia wakoloni mlango, na hasira hiyo haikosi msingi. Leo nataka kumtazama kwa upande ambao sote tunaujua, tuliosoma na tusiosoma, yaani upande wa homa.

Krapf alizaliwa tarehe 11 Januari 1810 katika kijiji cha Derendingen, karibu na mji wa Tübingen huko Ujerumani, mwana wa mkulima. Alisomea dini Basel na Tübingen, kisha akajiunga na Chama cha Misioni cha Kanisa la Uingereza, kilichompeleka Uhabeshi mwaka 1837. Huko alijifunza Kiamhari na lugha ya Waoromo, na tangu hapo akawa mtu wa kukusanya maneno popote alipokwenda. Alimwoa Rosine Dietrich mwaka 1842. Binti yao wa kwanza alizaliwa kabla ya wakati, nyikani, wakiwa safarini huko Uhabeshi, akafariki papo hapo. Wakamwita Eneba, jina lenye maana ya chozi kwa Kiamhari.

Njia ya Uhabeshi ilipofungwa, Krapf alifikiri kuingilia pwani ya Afrika Mashariki. Mapema mwaka 1844 alifika Unguja, Seyyid Said akampokea vyema na kumpa barua ya kumtambulisha kwa maliwali wake. Mwezi Mei wa mwaka huo akahamia Mombasa na mkewe, naye Rosine alikuwa mja mzito. Hapakupita muda Krapf akaanza kutafsiri Mwanzo kwa Kiswahili kwa msaada wa kadhi wa Mombasa, jambo ambalo kila nikilifikiria hunistaajabisha: kasisi wa Kijerumani na kadhi wa Kiislamu, ukumbi mmoja, wakipima maana ya neno moja moja.

Julai ikaja na homa. Iliwashika wote wawili. Rosine akajifungua binti akiwa katika homa hiyo, na tarehe 13 akafariki. Mtoto akamfuata baada ya siku chache. Krapf mwenyewe alikuwa taabani hata kusimama ni shida. Walizikwa huku bara, ng'ambo ya kisiwa, naye akawaandikia wakubwa wake Uingereza kwamba kaburi hilo ni alama ya kuwa kazi imeanza. Wapo wanaoyasoma maneno yake hayo kuwa ni ushujaa. Mimi nikiyasoma huona mtu aliyetafuta mahali pa kuliweka jiwe zito.

Wazee wetu walikuwa na neno, nalo limo katika kamusi ya Kiswahili na Kiingereza ya mwaka 1939: mkunguru. Ni homa impatayo mgeni afikapo nchi asiyoizoea. Neno hili ni elimu kamili. Aliyelitunga alikwisha kuona kwamba wenyeji na wageni hawaugui kwa namna moja, na sayansi imekuja kumthibitisha: mtu anayeumwa na mbu wenye vimelea tangu utotoni, akinusurika, mwili wake hujenga kinga ya kadiri fulani, nayo hupungua akihama na kukaa mbali kwa miaka. Mja mzito naye ana hatari yake ya pekee. Chembe za damu zenye vimelea hunata katika kondo la nyuma, zikajificha humo, na hali huwa mbaya zaidi kwa mimba za mwanzo. Rosine alikuwa mgeni, tena mja mzito. Alikuwa na mikunguru miwili kwa wakati mmoja.

Je, dawa haikuwapo duniani? Ilikuwapo. Gome la mti wa milima ya Andes, Amerika ya Kusini, lilikuwa likitumiwa Ulaya tangu karne ya 17, na mwaka 1820 Wafaransa wawili, Pelletier na Caventou, walifaulu kuitenga alkaloidi yake mjini Paris. Ndiyo kwinini. Jina lenyewe lina asili katika Kikechua, lugha ya wenyeji wa huko, na lahusiana na gome. (Jina la kisayansi la mti, Cinchona, Linnaeus alilitoa kwa heshima ya familia ya Chinchón ya Uhispania, akaliandika kwa makosa, na makosa hayo yamedumu hadi leo. Wanafunzi wangu wanaokatwa alama kwa tahajia watafurahi kusikia.) Ila elimu ya kuitumia ilikuwa bado changa. Madaktari wengi wa zama hizo walimtoa mgonjwa damu na kumpa madawa ya kuharisha, wakimdhoofisha aliyekwisha kudhoofika. Miaka 10 baada ya kifo cha Rosine, mwaka 1854, daktari Baikie alipanda Mto Niger na mabaharia wake, akawanywesha kwinini kila siku kabla ya kuugua, akarudi nao bila ya hata mmoja kufa kwa homa.

Kwinini hufanya kazi vipi? Kimelea cha malaria huingia ndani ya chembe nyekundu ya damu na kula himoglobini, ile inayoipa damu wekundu. Katika kula huko hubaki kitu chenye madini ya chuma kiitwacho hemi, nacho ni sumu kwa kimelea mwenyewe. Mjanja huyu huigeuza sumu hiyo kuwa fuwele zisizomdhuru, akazirundika katika mfuko wake wa kusagia chakula. Kwinini hujikusanya katika mfuko huo huo, na yaaminika kwamba huzuia fuwele zisifanyike. Sumu huzidi, na kimelea hufa kwa makombo ya chakula chake. Lakini dawa haibaki mle tu, huzunguka mwilini kote. Hugusa masikio, yakavuma. Hugusa moyo, ukabadili mapigo ikiwa kipimo kimezidi. Na hulichochea kongosho kumwaga insulini, sukari ya damu ikashuka.

Hayo ya sukari sikuyasoma kitabuni kwanza. Mwaka 2003 dada yangu, aliyelelewa na shangazi yetu Limuru, ambako kwa baridi yake malaria ni haba, alikuja kwetu Mishomoroni akiwa na mimba yake ya kwanza ya miezi minane. Wiki ya tatu akashikwa na homa. Mimi ndiye niliyesema tungoje. Mama alichemsha mwarobaini, nikaunga mkono, kwani sisi tulikua tukiunywa na hatukufa. Sikufikiri kwamba sisi tulikuwa na kinga na yeye hakuwa nayo, wala kwamba uchungu wa mwarobaini na uchungu wa kwinini si kitu kimoja. Siku ya tatu alianza kusema maneno yasiyoeleweka. Tulimkimbiza hospitali, akatundikiwa kwinini kwenye chupa ya maji, kipimo kikubwa kwanza kisha kila baada ya saa 8. Usiku akatota jasho, akawa baridi, hajibu. Nilidhani ndiyo kwaheri. Muuguzi akamtoboa kidole, akatazama sukari, akamtia glukosi mshipani, na baada ya muda dada akafumbua macho. Muuguzi alinieleza kwamba malaria yenyewe hushusha sukari, mimba hushusha, na kwinini nayo hushusha, ndiyo maana hakuondoka karibu na kitanda kile. Siku ya nne dada alijifungua mtoto wa kike, mdogo mno, ila hai. Alituambia baadaye kwamba kilio cha kwanza cha mwanawe alikisikia kama kinatoka ng'ambo ya mkondo, kwa jinsi masikio yalivyokuwa yakivuma.

Turudi kwa Krapf. Mwaka 1846 alijiwa na mwenzake, Johannes Rebmann, wakahamia Rabai, juu vilimani. Rebmann aliuona Kilimanjaro mwaka 1848, naye Krapf, akiwa Kitui nchini kwa mtemi Kivoi, aliuona Mlima Kenya tarehe 3 Desemba 1849. Wataalamu wa Ulaya, ambao hawakuwahi kutia mguu huku, waliwacheka kwa kusema kuna theluji karibu na ikweta. Mwaka 1851 Krapf alisafiri tena na Kivoi kuelekea Mto Tana, wakavamiwa, Kivoi akauawa, Krapf akaponea chupuchupu kwa njaa na kiu. Hayo yamesimuliwa mara nyingi, nami sitayarefusha.

La kudumu zaidi ni kazi yake ya lugha. Mwaka 1850 alichapisha sarufi ya Kiswahili, akiandika kwa herufi za Kilatini lugha ambayo wenyewe walikuwa wakiiandika kwa herufi za Kiarabu tangu zamani. Tahajia yake ni ya Kijerumani mno, na maoni yake juu ya watu wetu mara nyingi yana dharau ambayo simsamehei. Lakini sikio lake lilikuwa zuri. Aliishika Kimvita, lahaja ya watu aliokaa nao, wakati ambapo hakuna aliyejua kwamba baadaye Kiunguja ndicho kitakachofanywa msingi wa Kiswahili sanifu. Mtafiti wa Kimvita cha karne ya 19 hawezi kumkwepa.

Homa haikumwacha. Mwaka 1853 aliondoka Rabai kwa udhaifu wa mwili, na ingawa alirudi Afrika, mara moja mwaka 1862 kuwasaidia wamisionari wa Kimethodisti kuanza kituo Ribe, na tena Uhabeshi mwaka 1867 kama mkalimani, hakukaa tena. Rebmann alibaki hadi 1875, akaondoka kipofu, akafa mwaka uliofuata.

Tarehe 6 Novemba 1880, Laveran, daktari wa jeshi la Ufaransa, aliona kwa hadubini kimelea cha malaria katika damu ya askari huko Algeria. Krapf alikuwa hai bado, mzee wa miaka 70 huko Korntal, akihangaika na kamusi yake. Alifariki tarehe 26 Novemba 1881, na kamusi ikatoka London mwaka 1882. Kwamba mbu ndiye mchukuzi, hilo lilithibitishwa na Ross mwaka 1897. Krapf alikufa bila ya kujua ni nani aliyemuua mkewe.

Na kwinini yenyewe imepumzishwa. Uchunguzi uliochapishwa mwaka 2010, uliohusisha watoto 5,425 katika nchi 9 za Afrika, Kilifi yetu ikiwamo, ulionyesha kwamba katika malaria kali artesuneti huokoa zaidi: walikufa 8.5 kwa mia, dhidi ya 10.9 kwa mia waliopewa kwinini. Artesuneti nayo asili yake ni mmea, wa Uchina, ingawa si alkaloidi. Mtoto yule wa 2003 sasa ni msichana mkubwa. Majuzi nilimpeleka Nyali kuyaona makaburi. Alisoma tarehe, akahesabu kwa vidole, akaniuliza mtoto wa Rosine aliitwa nani.