CHARLES REVSON: MUUZA RANGI ZA KUCHA ALIYENYIMWA UWAKALA AKAFUNGUA KAMPUNI YAKE

Leo tuache kidogo bei ya kokoa na ubovu wa barabara, tuongelee kichupa kidogo ambacho kipo karibu kila nyumba yenye binti. Naongelea rangi ya kucha, au kama wengi tunavyoiita, Cutex.

Hapa Kyela mjini, Ipinda mpaka kule mpakani Kasumulu, wote tunawajua vijana wanaopita na vikapu vya rangi za kucha. Wanagonganisha chupa mbili, kling kling, akina mama na akina dada wanajua jamaa kafika. Kuna watu wanawacheka. Wanasema hiyo si kazi ya mwanaume, eti mtu kamaliza form four halafu anashika miguu ya wanawake stendi! Mimi nasema kabla hujacheka soma kwanza habari za huyu bwana, Charles Revson, maana na yeye alianzia hapo hapo. Lakini nawaonya mapema, si habari ya mtakatifu.

Kwanza tuelewane kuhusu hilo jina. Cutex si jina la rangi, ni jina la kampuni ya Marekani iliyoanzishwa na Northam Warren mwaka 1911, ikianza na dawa ya kulainisha ngozi ya pembeni ya kucha. Miaka michache baadaye wakaleta rangi ya maji ya kwenye chupa. Ilienea sana, mpaka sisi huku ukanda wa ziwa Nyasa tunaita kila rangi ya kucha Cutex hata kama chupa imeandikwa jina lingine kabisa. Kwa hiyo Revson hakuvumbua rangi ya kucha, wala chupa, wala brashi. Alivikuta. Alichofanya ni kingine.

Charles Haskell Revson alizaliwa Marekani mwaka 1906, kwenye familia ya Kiyahudi iliyotoka Ulaya mashariki. Alikulia mji wa Manchester, jimbo la New Hampshire. Baba yake alikuwa kibarua wa kusokota sigara kubwa zile za cigar. Yaani maisha ya kawaida kabisa, hakuna mtaji, hakuna mjomba wizarani. Akamaliza sekondari mwaka 1923, chuo hakwenda. Wadau wenzangu mliomaliza form four mkakaa nyumbani, mnanipata?

Akaenda New York, akapata kazi kwenye kampuni ya magauni. Pale ndipo jicho lake lilipofundishwa rangi. Wanasema alikuwa anaweza kutofautisha nyeusi na nyeusi nyingine, kitu ambacho mimi na wewe tungeona ni ile ile.

Baadaye akaingia kuuza rangi za kucha za kampuni ndogo iliyoitwa Elka, ya Newark, jimbo la New Jersey. Kazi yake ilikuwa kuzunguka saluni na chupa zake. Ndiyo, mwanaume mzima, miaka ile, anazunguka na rangi za kucha! Na alikuwa anajipaka mwenyewe kwenye vidole vyake ili aone rangi inakaaje na inakauka vipi. Tabia hiyo hakuiacha hata alipokuwa tajiri.

Hapo inabidi tueleze kidogo. Rangi nyingi za wakati ule zilikuwa nyepesi, unaona kucha kwa ndani, na rangi zenyewe zilikuwa chache, wekundu wa aina mbili tatu basi. Elka walikuwa na rangi nzito inayofunika kucha yote. Siri ni kwamba badala ya rangi inayoyeyuka kama chai, wanatumia unga laini wa rangi ambao hauyeyuki, unabaki unaelea ndani ya maji yale. Revson akaona hapa kuna pesa. Maana ukishakuwa na unga unaweza kuchanganya rangi yoyote unayotaka.

Akawaomba Elka wampe uwakala wa nchi nzima. Wakamkatalia. Akaacha kazi.

Sasa angalieni mwaka wenyewe. Ilikuwa 1932, uchumi wa Marekani umeanguka tangu 1929, karibu mtu mmoja kati ya wanne hana kazi. Watu wanapanga foleni ya mkate, yeye anafungua biashara ya rangi za kucha! Tarehe 1 Machi 1932 akaanza na kaka yake Joseph, kwa mtaji wa dola 300. Wakaungana na mkemia aitwaye Charles Lachman, ambaye familia ya mke wake ilikuwa na kiwanda cha kemikali. Kwa heshima ya Lachman wakatoa herufi S kwenye jina lao wakaweka L. Revson ikawa Revlon. Herufi moja tu, na Lachman akabaki na hisa zilizomfanya tajiri.

Ujanja wa Revson ulikuwa nini? Wa kwanza, hakukimbilia madukani. Alianza na saluni. Alijua dada anayepaka kucha saluni ndiye anayeaminiwa na mteja, akisema hii nzuri, imekwisha. Maduka makubwa na maduka ya dawa yakaja baadaye, kuanzia 1937. Wa pili, rangi zake alizipa majina ya kuvutia, si nyekundu namba moja na nyekundu namba mbili. Wa tatu, alitoa rangi mpya kila msimu kama wauza nguo wanavyofanya. Kwa hiyo mwanamke mwenye chupa nzima nyumbani bado anaona imepitwa na wakati, ananunua nyingine. Wa nne, mwaka 1940 akaleta rangi ya mdomo inayofanana na ya kucha. Hapo sasa ukinunua moja lazima ununue mbili!

Na chupa je? Hapa ndipo napenda tukae kidogo, maana tunaitumia kila siku bila kuifikiria. Kile kichupa kina akili nyingi.

Ni cha kioo kwa sababu maji ya ndani yanatengenezwa na vitu vya jamii ya asetoni vinavyoweza kuyeyusha plastiki za aina nyingi. Kioo hakidhuriki, na mteja anaiona rangi kabla hajalipa. Shingo ni nyembamba kwa kazi mbili. Moja, hewa isiingie sana, maana rangi inakauka kwa yale maji kuruka hewani, ukiacha wazi inaganda. Mbili, ukivuta brashi unaifuta pale pale kwenye shingo, ziada inarudi ndani. Mfuniko mrefu si urembo tu, ndio mpini wenyewe. Ungekuwa mfupi kama wa soda ungepakaje kucha ya kidole kidogo cha mguu?

Brashi zamani zilikuwa za manyoya ya wanyama. Nailoni ilipogunduliwa na kampuni ya DuPont mwaka 1935, ikaanza kuwekwa kwenye miswaki 1938, na baadaye nyuzi za namna hiyo zikaingia kwenye brashi za kucha, maana zinanyooka, hazinyonyoki ovyo na zote zina unene mmoja. Zile goroli ndogo unazosikia ndani ukitikisa ni za chuma kisichoshika kutu, kazi yake ni kuukoroga ule unga uliotuama chini. Na kwenye rangi nyingi za siku hizi kuna udongo maalum unaozuia unga usizame. Udongo wadau! Mama zetu Wakisi wa Ikombe wanaofinyanga vyungu na kuvileta kwa mitumbwi gulioni Lyulilo pale Matema wangefurahi kusikia hilo. Na wao wanajua kwamba mtu ananunua chungu kwanza kwa macho, kupika ni baadaye. Revson alijua vivyo hivyo kuhusu kichupa.

Tuendelee. Wakati wa vita kuu ya pili kampuni yake ilitengeneza vitu kwa ajili ya jeshi, na mwaka 1944 ikapewa tuzo ya majeshi ya Marekani. Vita ilipoisha akarudi kwenye urembo kwa nguvu zote. Mwaka 1952 akatoa tangazo lililotikisa, la rangi nyekundu ya mdomo na kucha iliyoitwa Fire and Ice, yaani moto na barafu. Mwanamitindo Dorian Leigh, picha na Richard Avedon. Mpaka leo wanaosomea matangazo wanalifundishwa.

Juni 1955 akadhamini kipindi cha maswali kwenye televisheni ya CBS, zawadi ya juu dola 64,000. Nchi nzima ilikuwa inakaa kuangalia, na bidhaa za Revlon zikawa zinaisha madukani. Mwaka huo huo kampuni ikaanza kuuza hisa kwa umma.

Sasa upande wa pili wa shilingi. Mwaka 1959 ikagundulika kwamba vipindi vya maswali vya namna ile vilikuwa vimechakachuliwa. Watengenezaji wa kipindi waliieleza kamati ya bunge la Marekani kuwa wadhamini walikuwa wanakaa vikao kila wiki, wanasema mshiriki gani wanamtaka abaki na yupi atoke. Revson aliitwa mbele ya kamati, akakana kwamba alijua kuna udanganyifu. Kampuni haikuanguka, lakini doa lilibaki.

Na nyumbani? Kaka yake Joseph aliondoka 1955. Mdogo wao Martin naye akaondoka 1958, wakaishia kugombana mahakamani. Wafanyakazi wake walimuogopa. Alikuwa anafukuza mameneja kama mtu anavyofukuza nzi kwenye dagaa. Alitaka kila kitu kiwe sawasawa, hata vikao viliingia usiku. Rangi alizielewa kuliko watu. Alioa akaachika, ndoa yake ya mwisho ilivunjika mwaka mmoja kabla ya kufa.

Huku kwetu nako urembo ulikuwa na vita yake. Mwaka 1968 Umoja wa Vijana wa TANU ulitangaza Operesheni Vijana, ianze tarehe 1 Januari 1969, kupiga marufuku sketi fupi, mawigi, dawa za kujichubua na suruali za kubana. Wakati huo huo mzee Revson anazidi kutajirika kwa vitu vya urembo. Dunia mbili tofauti, na wazee wetu wengine wa leo wanaowacheka vijana wa vikapu ndio walikuwa vijana enzi zile.

Mwaka 1973 akatoa manukato aliyoyaita Charlie, yakiwalenga wanawake wanaofanya kazi na kujitegemea, na yakauza sana. Mwaka 1974 mauzo ya kampuni yalizidi dola milioni 600. Tarehe 24 Agosti 1975 akafariki New York kwa saratani ya kongosho, akiwa na miaka 68. Aliacha mfuko wa hisani wenye jina lake, alioanzisha 1956, ambao bado unatoa misaada. Kampuni ikaja kuchukuliwa na wengine mwaka 1985, na mwaka 2022 ikaomba ulinzi wa mahakama kwa madeni, ikatoka 2023. Kwa hiyo hata ukubwa una mwisho wake.

Mimi nachukua mambo mawili. La kwanza, vijana wa vikapu wasidharauliwe. Wanajifunza mteja anataka nini, rangi ipi inatoka sikukuu, ipi inatoka harusini. Hicho ndicho Revson alichokuwa nacho, dola 300 zilikuwa za kuanzia tu. La pili ni kwa vijana wenyewe. Mwenzenu alipata pesa kwa sababu alijali kitu anachopaka. Brashi yako moja inapita kwenye vidole vya watu wengi, na fangasi wa kucha wanaweza kuhama. Mwenye kucha mbovu mwambie kwa upole aende kwanza hospitali, brashi zako zisafishe, na rangi ikiganda usijaze mafuta ya taa ili iongezeke. Mteja ukimuumiza leo, kesho akisikia kling kling anafunga mlango.

Ila ya kugombana na ndugu na kuwatesa wafanyakazi, hayo mwachieni mwenyewe.

Haya wadau wa Kyela, Matema, Tukuyu na mlioko ughaibuni, mnasemaje? Kazi ya kupaka kucha ni ya kike, ya kiume, au ni kazi tu? Tiririkeni hapo chini, ila matusi hapana. Naomba kuwasilisha.