Baker, ‘Mtu wa Miti’: Alianzia kwenye theluji ya Kanada, akapita Kikuyu, akarudi kuzikwa Kanada

Juni 5, 1982, Siku ya Mazingira Duniani. Katika uwanja wa Chuo Kikuu cha Saskatchewan, mjini Saskatoon, Kanada, mzee wa miaka 92 anapanda mche. Amechoka, amekonda, lakini kazi hiyo ameifanya maisha yake yote na hakuna wa kumfundisha.

Jina lake ni Richard St. Barbe Baker. Kwa Wakenya wa zamani, hasa wa upande wa Kikuyu, huyu ndiye mzungu wa Watu wa Miti, chama cha kupanda miti kilichozaliwa mwaka 1922, miaka 55 kabla ya Wangari Maathai kuanzisha Green Belt Movement.

Ila wengi hawajui kwamba somo lake la kwanza kuhusu nini kinatokea ardhi ikivuliwa nguo hakulipata Afrika. Alilipata kwenye nyika baridi ya Saskatchewan, akiwa kijana wa miaka 20 tu.

Mtoto wa kitalu

Baker alizaliwa Oktoba 9, 1889, katika kijiji cha West End karibu na Southampton, kusini mwa Uingereza. Baba yake alikuwa na kitalu cha miche, na pia alikuwa mhubiri. Kwa hiyo mtoto alikua kati ya vitu viwili, miti na Biblia, na mpaka anakufa hakuweza kuvitenganisha.

Akiwa mdogo aliruhusiwa kuingia peke yake msituni karibu na nyumbani. Alipotea humo, na badala ya kulia akajisikia furaha ambayo aliisimulia mpaka uzeeni.

Mwanzoni alitaka kuwa mchungaji wa kanisa. Habari za Kanada zikamvuta: ardhi tele, watu wachache. Akapanda meli.

Mji uliokua kama uyoga

Hebu piga picha ya Saskatoon ya wakati ule. Mwaka 1901 wakazi walikuwa 113. Kumi na tatu juu ya mia, basi. Mwaka 1911 walikuwa zaidi ya 12,000.

Sababu ilikuwa ngano. Serikali ya Kanada iliwapa walowezi ekari 160 kwa ada ya dola 10. Sharti lilikuwa kuishi pale na kuilima kwa miaka mitatu, kisha shamba linakuwa lako. Ardhi hiyo haikuwa tupu, bila shaka. Wacree na mataifa mengine ya asili walikuwepo karne nyingi kabla, na walikuwa wameshasukumwa kwenye maeneo yaliyotengwa baada ya mkataba wa mwaka 1876.

Baker naye akachukua kipande chake upande wa Beaver Creek, kusini mwa mji. Huku analima, huku anasoma. Alikuwa miongoni mwa wanafunzi wa mwanzo kabisa wa chuo kikuu kipya cha Saskatchewan, enzi ambazo majengo yenyewe yalikuwa bado yanajengwa.

Hapo ndipo alipoanza kuona kitu kisichomkalia sawa.

Udongo unapaa

Nyika ile ni tambarare. Unasimama mahali unaona upeo wa macho pande zote nne. Mvua na theluji vikiyeyushwa pamoja kwa mwaka mzima havizidi sana milimita 350, kiasi ambacho mkulima wa Dodoma akikisikia atatikisa kichwa. Baridi inaweza kushuka hadi nyuzi 40 chini ya sifuri. Na upepo haupumziki.

Kilichoshikilia udongo pale miaka yote ni nyasi, zenye mizizi inayozama chini kuliko urefu wa mtu. Mabondeni na kando ya mito kulikuwa na vichaka vya mierebi na vikundi vya miti ya popla. Miti haikuwa mingi, lakini ilikaa pale pale ilipohitajika.

Walowezi wakaja na majembe makubwa ya kukokotwa. Nyasi zikapinduliwa. Kisha wakaanza kung’oa hata vile vichaka vichache, kwa sababu mkulima alitaka mstari mmoja ulionyooka, jembe liende moja kwa moja bila kukata kona. Kila mti ulihesabiwa kuwa ni mashuke ya ngano yaliyopotea.

Miaka ya mwanzo ngano ilitoka vizuri. Lakini Baker aliona udongo mkavu ukianza kupeperuka kutoka kwenye mashamba yaliyoachwa wazi. Na yeye mwenyewe hakuwa mtazamaji tu, maana alikuwa mlowezi mwenye shamba kama wenzake.

Wakati wa likizo alikwenda kukata magogo kwenye misitu ya kaskazini, karibu na Prince Albert. Huko nako alikuta misonobari iliyochukua miaka mingi kukua ikiangushwa kwa siku moja, na sehemu kubwa ya mbao ikiachwa ioze chini. Kijana aliyekuja kutafuta shamba na uchungaji akaanza kufikiria kusomea misitu.

Kupanda mti penye barafu si mchezo

Baker alipanda miti kwenye shamba lake na kuwasihi majirani wafanye hivyo. Lakini mahali kama pale huwezi kuchomeka mche ardhini ukaenda zako.

Hakuanza wazo hilo peke yake. Tangu mwaka 1901 serikali ilikuwa na kitalu katika mji mdogo wa Indian Head, Saskatchewan, kilichogawa miche kwa wakulima. Kitalu hicho kilifanya kazi mpaka mwaka 2013 na kilitoa zaidi ya miche milioni 600. Uzoefu wa wakulima waliopanda, wakaunguza, wakapanda tena, ndio ulioonyesha njia.

Kwanza, ardhi inaandaliwa mwaka mzima kabla. Inalimwa na kuachwa bila zao ili ikusanye maji, na nyasi zote ziondolewe, kwa sababu nyasi ndiye adui mkubwa wa mche kuliko hata baridi. Zinakunywa maji yote kabla mche haujapata tone.

Pili, miti inapandwa kwa mistari inayokingama njia ya upepo. Mstari wa nje kabisa mara nyingi ni karagana, kichaka cha jamii ya kunde kilicholetwa kutoka Siberia, ambacho hakijali ukame wala barafu. Nyuma yake inakuja miti ya majani mapana inayokua haraka, na ndani kabisa misonobari, inayokua taratibu lakini inabaki na majani wakati wote wa baridi.

Hapo sasa ndipo ujanja ulipo. Upepo wa majira ya baridi unabeba theluji. Ukigonga kile kichaka cha nje unapungua kasi na kuidondosha. Theluji inarundikana kati ya mistari, inafunika mizizi kama blanketi, na majira ya kuchipua inayeyuka na kuwa maji ya kumwagilia. Mkulima anavuna maji bila kuchimba kisima.

Mche mwingi pale hauuawi na baridi yenyewe. Unauawa na kiu. Jua la mwisho wa majira ya baridi linapasha majani ya msonobari, yanaanza kupoteza maji, na chini mizizi imo kwenye udongo ulioganda kama zege, haiwezi kunyonya kitu. Mti unakauka huku umezungukwa na theluji. Ndiyo maana miche michanga huhitaji kivuli cha wale wakubwa.

Baada ya hapo ni kupalilia. Mwaka wa kwanza, wa pili, wa tatu, mpaka vivuli vya miti vikutane na nyasi zishindwe zenyewe. Muda usio na sakitu ni kama miezi minne tu kwa mwaka, kwa hiyo mti unaochukua miaka mitano kufika kimo cha paa kwingine, kule unaweza kuchukua mara mbili yake.

Majirani wengi wa Baker hawakuwa na subira hiyo. Miaka ya 1930 ukame ulipopiga nyika za Kanada na Marekani, mchanga ukaziba jua mchana kweupe na familia nyingi zikahama. Marekani peke yake ilipanda miti takriban milioni 220 kati ya mwaka 1934 na 1942, mikanda ya kukinga upepo kutoka Dakota Kaskazini hadi Texas. Baker wakati huo alikuwa ameshaondoka zamani.

Vita, Cambridge, halafu Kenya

Alirudi Uingereza kabla ya Vita vya Kwanza vya Dunia, kusomea uchungaji Cambridge. Vita vikamkuta. Alitumikia kwenye mizinga, akajeruhiwa, na mwaka 1918 akaondolewa jeshini. Aliporudi Cambridge alisomea misitu, na mwaka 1920 alitumwa Kenya kama msaidizi wa mhifadhi wa misitu wa serikali ya kikoloni.

Huko nyanda za juu alikuta picha aliyoifahamu. Misitu imekatwa, udongo unaondoka, safari hii unabebwa na mvua badala ya upepo. Wakikuyu walikuwa wamenyang’anywa sehemu ya ardhi na walowezi, wakabanwa kwenye maeneo madogo, halafu wakalaumiwa kwa kufyeka. Baker alikuwa mtumishi wa serikali hiyo hiyo iliyowabana. Hili halipaswi kufichwa, hata kama yeye binafsi aliwapenda watu.

Alipowaomba wazee wapande miti, walimjibu kwamba hiyo ni shauri ya Mungu. Miti huota yenyewe, tangu lini mtu akaipanda? Bajeti hakuwa nayo, na kulazimisha watu hakutaka.

Akagundua kwamba Wakikuyu wana ngoma ya kupanda na ngoma ya kuvuna, lakini ngoma ya miti hawana. Akashauriana na Josiah Njonjo, chifu na rafiki yake, baba wa Charles Njonjo ambaye baadaye alikuwa Mwanasheria Mkuu wa kwanza wa Kenya baada ya uhuru. Wakatangaza ngoma mpya.

Julai 22, 1922, maelfu ya vijana walifika kucheza. Baada ya ngoma wakaombwa watu wa kujitolea, na waliochaguliwa wakaapa kulinda misitu, kupanda miti kumi kila mwaka na kuitunza miti popote ilipo. Chama kikaitwa kwa Kiswahili, Watu wa Miti. Sherehe hiyo ilipangwa na wawili, lakini vitabu vya wazungu kwa miaka mingi vilimpa sifa mmoja.

Mwaka 1924 Baker alikipeleka chama Uingereza kwa jina la Men of the Trees, tafsiri ya neno kwa neno. Leo kinaitwa International Tree Foundation, na bado kinapanda miti Kenya.

Kazi ya ukoloni haikumkalia. Inasimuliwa kwamba akiwa Kenya alimwona ofisa akimpiga mfanyakazi Mwafrika, akajiingiza katikati na pigo likamshukia yeye begani. Alihamishiwa Nigeria, na mwisho wa miaka ya 1920 akawa ameachana na utumishi huo kabisa.

Kiguu na njia

Kutoka hapo ukimfuata utachoka wewe. Alikwenda Palestina kuhamasisha upandaji miti, akapigania miti mikubwa ya redwood ya California isikatwe, na mwaka 1952 hadi 1953 akavuka Sahara kukagua jinsi jangwa linavyosogea. Aliandika vitabu zaidi ya 20. Mwisho akaweka makazi New Zealand na mke wake wa pili, Catriona, na akiwa ameshapita miaka 70 alizunguka huko kwa farasi akiwahutubia wanafunzi kuhusu miti.

Nyama hakula. Pesa hakuwa nazo, na kila aliyeishi naye alijua hilo vizuri zaidi yake.

Msitu uliopewa jina lake

Mwaka 1971 Chuo Kikuu cha Saskatchewan kilimpa shahada ya heshima ya udaktari. Mwaka uliofuata manispaa ya Saskatoon ilianza kupanda miti kusini magharibi mwa mji, kwenye nyika tupu, kukinga mji unaokua. Wakapanda kwa mistari, karagana na misonobari ikiwemo, kwa mbinu ile ile ya wakulima wa zamani. Mwaka 1979 eneo moja kati ya hayo, la hekta 130 hivi, likapewa jina la Baker.

Baadaye watu walilisahau. Likageuka jalala la matairi na magodoro, na magari yakawa yanaingia yanavyotaka. Wakazi wa mji wakalazimika kuunda kikundi cha kulisafisha na kulipigania, wakiokota taka kwa mikono. Misonobari ilikuwa imesimama muda wote huo.

Baker alirudi Saskatoon kwa mara ya mwisho mwaka 1982. Juni 5 akapanda ule mche wa chuo kikuu. Juni 9, siku nne baadaye, akafariki akiwa huko huko. Alizikwa katika makaburi ya Woodlawn, mji ule ule aliowahi kuufikia akiwa kijana mwenye hamu ya shamba la ngano.