Imamu Ahmed Gurey na Vita vya Dini katika Pembe ya Afrika

  Katika toleo hili la jarida la Chama chetu cha Kiswahili, nimeona heri niandike maisha ya mtu ambaye jina lake hutajwa sana hapa kwetu Garissa, lakini ni wachache wanaojua alifanya nini hasa. Mtu huyo ni Imamu Ahmed bin Ibrahim, ambaye sisi Wasomali tunamwita Ahmed Gurey.

Kwa nini nimemchagua yeye? Kwa sababu akitajwa kwenye mdahalo, kuna wale hupiga makofi na kuna wale hunyamaza wakatazama chini. Kwa Wasomali na Waislamu wengi ni shujaa. Kwa Wakristo wa Uhabeshi jina lake ni jina la hofu. Kumbe ni mtu mmoja tu! Asiyejua maana haambiwi maana, kwa hivyo, ndugu msomaji, fuatana nami tuyaangalie maisha yake kutoka mwanzo hadi mwisho, halafu kila mtu aamue mwenyewe.

KUZALIWA KWAKE NA HALI YA WAKATI ULE

Ahmed alizaliwa karibu mwaka 1506 mahali paitwapo Hubat, katika nchi ya Harar. Neno Gurey kwa Kisomali ni mtu anayetumia mkono wa kushoto. Wahabeshi nao walimwita Gragn, na maana ni hiyo hiyo. Wanahistoria wanabishana mpaka leo kama alikuwa Msomali au mtu wa Harar, lakini wote wanakubaliana kuwa jeshi lake lilikuwa na Wasomali wengi sana.

Zama hizo Pembe ya Afrika ilikuwa na dola mbili zilizotazamana kama paka na panya. Kule milimani kulikuwa na ufalme wa Kikristo wa Uhabeshi. Huku chini kwenye nchi kavu, mpaka bandari ya Zeila, kulikuwa na usultani wa Kiislamu wa Adal. Kwa muda mrefu wafalme wa Uhabeshi walikuwa wakizitoza kodi nchi ndogo za Waislamu na kuzishambulia zikikataa. Waislamu nao hawakukaa mikono mitupu. Amiri mmoja aliyeitwa Mahfudh alikuwa na desturi ya kuwavamia Wakristo wakati wa Kwaresima, wakiwa wamedhoofika kwa kufunga. Aliteka watu na kuwauza Uarabuni. Mwaka 1517 aliuawa vitani na majeshi ya mfalme kijana, Lebna Dengel.

Basi mtoto Ahmed alikulia katika hali hiyo ya leo wewe, kesho mimi. Na tusidanganyane, si dini peke yake iliyokuwa chanzo. Watu wa nchi kavu walitaka malisho ya juu yenye mvua. Wafanyabiashara walitaka njia za dhahabu, pembe za ndovu, chumvi na watumwa. Dini ilikuwa bendera, lakini chini ya bendera mlikuwa na mengi.

ANAPATA UONGOZI

Ujanani Ahmed alikuwa askari wa mtawala mmoja wa Adal aliyeitwa Garad Abun, aliyesifika kwa haki. Garad Abun aliuawa na Sultani Abu Bakr, na Ahmed akakataa kumtii huyo sultani. Walipigana mara kadhaa na mwishowe sultani akauawa. Ahmed hakujifanya sultani. Alimweka mtu mwingine kwenye kiti, naye akachukua cheo cha Imamu, ingawa kila mtu alijua ni nani mwenye nguvu.

Alimwoa Bati Del Wambara, binti wa yule Amiri Mahfudh aliyeuawa na Wahabeshi. Mama huyu hakuwa wa kukaa nyumbani kungoja habari. Alifuatana na mumewe vitani, akapanda milima akiwa mja mzito, na alijifungua watoto safarini.

VITA VYAANZA

Mwezi wa Machi 1529 majeshi yalikutana mahali paitwapo Shimbra Kure. Jeshi la Lebna Dengel lilikuwa kubwa zaidi, lakini la Imamu lilikuwa na bunduki chache zilizopita bandari ya Zeila. Watu walikufa wengi pande zote mbili, na Imamu akashinda. Ajabu ni kuwa askari wake walitaka kurudi kwao mara moja. Walizoea kuvamia, kuchukua mali na kurudi. Imamu ilimbidi aanze kazi upya, na mwaka 1531 akapanda tena milimani, safari hii kwa nia ya kukaa.

Hapo ndipo moto ulipowaka kweli kweli. Nyumba ya watawa ya Debre Libanos ilichomwa mwaka 1531. Makanisa yenye dhahabu na vitabu vya mamia ya miaka yaliteketezwa. Watu wengi walibadili dini kwa kuogopa upanga, na si kwa imani. Mfalme Lebna Dengel akawa mkimbizi ndani ya nchi yake mwenyewe, akihama mlima hadi mlima, mpaka alipofariki mwaka 1540 huko Debre Damo, mlima ambao mtu huupanda kwa kamba.

Hapa kuna jambo lililonistaajabisha mimi. Mkuu wa watawa wa Debre Libanos aliitwa Enbaqom. Huyu alizaliwa Yemen katika Uislamu, kisha akawa Mkristo. Yeye hakushika mkuki. Mwaka 1540 alimwandikia Imamu kitabu kizima akitetea dini yake, tena kwa kutumia maneno ya Kurani aliyoijua vizuri. Yaani katikati ya moto wote ule, kuna mtu aliyeona kuwa adui yake anaweza kuandikiwa.

WAGENI WAINGIA

Wahenga walinena kuwa ndovu wawili wakipigana ziumiazo ni nyasi. Sasa ngojeni mwone ndovu wengine wakija kutoka mbali.

Ulaya ilikuwa na historia yake ya Vita vya Msalaba. Mwaka 1095 Papa Urban wa Pili aliwataka Wakristo waende kuuteka Yerusalemu, wakauteka mwaka 1099 na kumwaga damu nyingi. Salahuddin aliurudisha mikononi mwa Waislamu mwaka 1187. Vita vile viliisha, lakini fikira zake hazikuisha. Wareno walipozunguka Afrika, tanga zao zilikuwa na msalaba. Vasco da Gama alifika Malindi mwaka 1498, na nguzo yenye msalaba bado iko pale ufukweni. Wareno walikuwa wakimtafuta mfalme wa Kikristo wa Afrika ili washirikiane naye dhidi ya Waislamu, na pia, bila shaka, walitafuta biashara ya viungo.

Lebna Dengel alikuwa ameomba msaada wao kabla ya kufa. Mwaka 1541 Wareno 400 waliteremka Massawa, kwenye Bahari ya Shamu. Kiongozi wao alikuwa kijana Cristóvão da Gama, mwana wa huyo huyo Vasco wa Malindi. Walimchukua mjane wa mfalme, Sabla Wangel, wakafuatana naye. Aprili 1542 walimshinda Imamu mara mbili, na yeye mwenyewe akajeruhiwa.

Imamu naye akapeleka ombi kwa Waturuki waliokuwa Yemen. Akapata mamia ya askari wa bunduki pamoja na mizinga. Tarehe 28 Agosti 1542, huko Wofla, aliwavunja Wareno. Cristóvão da Gama alikamatwa akauawa. Hivyo Mreno na Mturuki walikuja kupigania mambo yao katika mashamba ya Mhabeshi.

KIFO CHAKE

Baada ya ushindi huo Imamu aliona kazi imekwisha. Akawaruhusu Waturuki wengi waende zao, naye akaelekea Ziwa Tana. Kumbe Wareno waliosalia walikuwa wameungana na Gelawdewos, mwana wa Lebna Dengel. Tarehe 21 Februari 1543, mahali paitwapo Wayna Daga, Imamu Ahmed alipigwa risasi akafa. Alikuwa na umri wa miaka 37 hivi. Jeshi lake lilitawanyika siku hiyo hiyo. Vita vya miaka 14 vilikwisha kwa risasi moja.

Mwanawe Muhammad alitekwa. Lakini kumbukeni kuwa Imamu naye alikuwa amemteka Minas, mdogo wake Gelawdewos, na kijana huyo alikuwa amepelekwa kwa Waturuki huko Yemen. Sasa wajane wawili wakabaki, Del Wambara na Sabla Wangel, kila mmoja mtoto wake yuko kwa mwenzake. Wakawasiliana, wakakubaliana, watoto wakabadilishwa. Minas akarudi kwao na baadaye akawa mfalme. Muhammad akarudi kwa mama yake.

MATOKEO YAKE

Msidhani amani ilikuja papo hapo. Del Wambara aliolewa na Nur bin Mujahid, na Nur akaapa kulipiza kisasi. Mwaka 1559 alimwua Gelawdewos vitani. Lakini Harar yenyewe ilikuwa imechoka, ikapatwa na njaa kali na maradhi, na Nur akafa mwaka 1567. Ukuta unaouzunguka mji wa Harar husemwa kuwa ni kazi yake. Adal haikupata tena nguvu zake.

Uhabeshi nao, ulioshinda, ulipata nini? Waturuki waliichukua Massawa mwaka 1557. Wareno waliokuja kusaidia walifuatwa na mapadre waliotaka Wahabeshi waache kanisa lao la kale. Mfalme Susenyos alitangaza Ukatoliki mwaka 1622, na Wakristo wakaanza kuuana wao kwa wao hadi alipojiuzulu mwaka 1632. Mwanawe akawafukuza mapadre hao.

Wakati dola zote mbili zimelala chini, Waoromo walienea katika nchi zao na hata kufika huku kwetu. Waorma tunaokaa nao hapa kando ya Mto Tana ni ndugu zao kwa lugha. Katika karne ya 19 Wasomali nao wakavuka Mto Juba wakitafuta malisho, wakapigana na Waorma, mpaka wakafika Tana. Kwa hivyo hata ramani ya watu wa Garissa ina alama za vita vile.

Jina lake nalo halikufa. Huko Mogadishu alijengewa sanamu akiwa juu ya farasi. Mwaka 1977 Somalia na Ethiopia zilipopigana juu ya Ogaden, watu walikumbushwa ya zamani, na maelfu wakakimbia makwao.

SISI WA LEO

Ndugu zangu, hapa Garissa hatuhitaji kwenda maktabani kujua maana ya kuwatenga watu kwa dini. Tarehe 2 Aprili 2015 watu 148 waliuawa katika Chuo Kikuu cha Garissa, na wauaji walikuwa wakiuliza nani Mwislamu na nani Mkristo. Nilikuwa mdogo sana wakati huo. Lakini matokeo yake nimeyaishi shuleni. Walimu wengi wasio wenyeji waliondoka Kaskazini Mashariki miaka ile, na wengine wakaogopa kuja. Watoto wa Kiislamu ndio waliokaa madarasani bila mwalimu wa hesabu. Hao wauaji walisema wanatutetea. Swali langu ni hili: walimtetea nani?

Ati kuna mtu atasema Uislamu ndio uliofanya hivyo. Mimi ninakataa, na ninao ushahidi. Mwezi wa Disemba mwaka huo huo, basi lilishambuliwa huko Mandera. Wauaji wakawaamuru abiria wajitenge. Abiria Waislamu wakakataa kuwatoa wenzao. Mwalimu Salah Farah alipigwa risasi, akafariki Januari 2016. Huyo alikuwa mwalimu wa shule ya msingi, hakuwa na jeshi wala mizinga. Mimi nikiulizwa shujaa wangu wa Kaskazini Mashariki ni nani, nitamtaja yeye kabla ya Gurey.

Simaanishi kwamba Imamu Ahmed hakuwa jasiri. Alikuwa jasiri sana, na watu wake walikuwa wamedhulumiwa miaka mingi. Cristóvão da Gama pia alikuwa jasiri. Lakini ushujaa wao wote pamoja uliacha makanisa majivu, Harar na njaa, na wageni mlangoni. Jambo pekee lililofanywa likamfaa kila upande ni lile la wale mama wawili waliorudishiana watoto, na hilo vitabu vingi hulitaja kwa sentensi moja tu.

Kwa hivyo nawaomba wenzangu, tukitajiwa shujaa tusikimbilie kupiga makofi. Tuulize kwanza: baada yake, watu walikula nini, na watoto walisoma wapi?