Siti binti Saad, mwimbaji wa Unguja

Zamani, kabla reli haijafika Likasi, misafara ya wachukuzi ilitoka Katanga na shaba na pembe za ndovu, ikaenda kwa miguu miezi mingi mpaka pwani. Ng’ambo ya pwani hiyo ndipo kilipo kisiwa cha Unguja. Huko, katika kijiji cha Fumba, alizaliwa mtoto mwanamke karibu na mwaka 1880. Baba yake, Saad, alikuwa Mnyamwezi, mkulima. Mama yake alikuwa Mzigua, mfinyanzi wa vyungu. Walikuwa watu maskini, na siku zile utumwa ulikuwapo bado; ulikomeshwa Unguja mwaka 1897. Mtoto akaitwa Mtumwa.

Mtumwa hakutiwa shuleni. Alijifunza kazi ya mama yake: kukanda udongo, kufinyanga vyungu na kuvichoma. Kisha alijitwika vyungu kichwani, akavitembeza akiviuza. Alipoita wanunuzi, sauti yake ilifika mbali. Watu walimsikia kabla ya kumwona.

Mwaka 1911 alihamia mjini. Huko alikutana na Ali Muhsin, mpigaji wa taarabu. Mtu huyu aliisikia sauti yake, akakubali kumfundisha kuimba na kupiga ala za muziki. Mtumwa alikuwa mtu mzima sasa, lakini hakuona haya kuwa mwanafunzi. Alishika mafundisho, akatunga nyimbo, akaimba pamoja na wenzake. Sifa zake zikaenea mpaka nyumba za wakubwa. Jina la Mtumwa likaachwa. Watu wakamwita Siti, maana yake bibi mwenye heshima.

Lakini penye sifa pana wivu. Wengine walimtungia nyimbo za kumdharau. Walicheka sura yake, wakasema ametoka shamba amevaa kaniki. Siti hakupigana nao wala hakukimbia. Aliwajibu kwa wimbo, akiwafundisha kwamba uzuri wa sura si kitu, akili na adabu ndiyo mali ya mtu.

Zamani taarabu ya ikulu iliimbwa kwa Kiarabu. Siti aliimba kwa Kiswahili, na hata wachukuzi na wapishi wakafahamu. Tena aliwasemea wanyonge. Mara moja mwanamke mgeni aliuawa Unguja. Mwuaji akatoroka, na lawama ikawaangukia wanawake waliokuwa naye. Siti aliimba habari hiyo, na watu wote wakajua kwamba haki imepotoka.

Mwaka 1928 Siti na wenzake walipanda meli, wakavuka bahari mpaka Bombay katika Bara Hindi. Huko sauti zao zilitiwa katika sahani za santuri. Hakuna mwanamke wa Afrika ya Mashariki aliyefanya hivyo mbele yake. Sahani zile ziliuzwa kwa maelfu. Watu walizunguka santuri madukani na barazani, wakasikiliza. Mtoto wa mfinyanzi, aliyetembeza vyungu juani, sasa alisikika katika miji asiyoifikia kwa miguu yake.

Siti alipokuwa mzee, mwandishi Shaaban Robert alimwendea, akamwuliza habari za maisha yake, akaandika kitabu. Siti alikufa tarehe 8 Julai 1950. Mwaka 1988 wanawake waandishi wa habari wa Tanzania walianzisha gazeti la kutetea wanawake, wakaliita Sauti ya Siti.

Udongo hauna thamani machoni pa mpita njia, lakini mikononi mwa mfinyanzi huwa chungu cha kulisha nyumba nzima. Vivyo hivyo Siti alipokea kipawa, akakifanyia kazi, akawalisha wengi.

Maulizo
1. Wazazi wa Siti walifanya kazi gani?
2. Siti aliwajibu namna gani watu waliomdharau?
3. Kwa nini wachukuzi na wapishi walipenda nyimbo zake?