Mohamed Amin: Mtayarishaji Nyuma ya Kamera

Watazamaji wengi wa televisheni waliijua kazi ya Mohamed Amin bila ya kumjua mwenyewe. Alizaliwa Nairobi mwaka wa 1943, akakulia Dar es Salaam, na huko ndiko alikoanzisha kampuni ya Camerapix mwaka wa 1963. Aghalabu mpigapicha husubiri kutumwa. Amin alikuwa mtayarishaji pia: alitafuta vibali, magari na ndege, na alijua ni ofisa gani wa kuendewa.

Umuhimu wa kazi hiyo isiyoonekana ulidhihirika Oktoba 1984. Serikali ya Ethiopia haikupenda wanahabari wafike kaskazini, kulikokuwa na njaa. Amin alifuatilia ruhusa mpaka ikapatikana, akafika Korem pamoja na Michael Buerk wa BBC. Taarifa yao ilionyeshwa tarehe 23 mwezi huo; maelezo yalisomwa na Buerk, picha zilikuwa za Amin. Misaada ilimiminika, na mwaka wa 1985 likaandaliwa tamasha la Live Aid.

Mwaka wa 1991, mlipuko wa ghala la risasi mjini Addis Ababa ulimpotezea mkono na kumuua fundi wake wa sauti, John Mathai. Amin alirejea kazini na mkono wa bandia. Tarehe 23 Novemba 1996, ndege aliyosafiria ilitekwa nyara, ikaanguka baharini karibu na Ngazija, naye akafariki.

Uhakiki wa filamu unaoishia kwa mwigizaji na mwelekezi huwasahau watu wa aina yake, ambao bila wao kamera isingefika penye tukio.