Rebmann, kipofu wa Rabai aliyehifadhi maneno ya kazi

Dunia humkumbuka mmishonari Mjerumani Johannes Rebmann kwa theluji ya Kilimanjaro aliyoiona Mei 11, 1848, habari iliyobezwa na baadhi ya wasomi wa Ulaya. Hata hivyo, sehemu kubwa ya maisha yake aliimalizia Rabai, Kilifi, alikofika 1846. Huko alikusanya maneno ya wenyeji ya kilimo, mapishi na ugemaji wa mnazi, katika lugha ambayo wageni waliiita Kinika, jina la dharau kwa Wamijikenda. Mtumwa kutoka Nyasa alimfundisha lugha ya kwao pia.

Mwaka 1875 alirejea Ujerumani akiwa kipofu, akiongozwa na Isaac Nyondo wa Rabai. Alifariki 1876. Kamusi ya Kinyasa ilichapishwa 1877. Ya Kinika, aliyoiandaa pamoja na Krapf, 1887.