George Mukabi wa Kisa na Wimbo wa Sengula

Zinapotajwa nyimbo za mapenzi za Kiswahili zilizovuma nchini Kenya katika miaka ya kuelekea uhuru, wengi huukumbuka kwanza Malaika, wimbo uliopata umaarufu kupitia sauti ya Fadhili William. Ni wachache ambao fikira zao hupanda moja kwa moja hadi Kakamega. Hata hivyo, ni huko, katika nchi ya Abakisa, eneo ambalo leo limo katika Khwisero, alikotoka George Mukabi, mtunzi na mpiga gita aliyeiachia Afrika Mashariki wimbo wa Sengula Nakupenda. Maisha yake yalikuwa mafupi mno. Wimbo wake, kinyume chake, umedumu kwa zaidi ya nusu karne.

Mukabi alikulia katika jamii ambayo haikutenga muziki na maisha. Miongoni mwa Waluhya, mtoto alipozaliwa paliimbwa, vijana walipotiwa jandoni paliimbwa, bibi arusi alisindikizwa kwa ngoma na marehemu akaagwa kwa ngoma. Mashuhuri kati ya ngoma hizo ni isukuti ya Abaisukha na Abidakho, inayopigwa kwa ngoma tatu, kubwa, ya wastani na ndogo, huku pembe ya swala ikipulizwa. Mwaka 2014 Shirika la UNESCO liliiorodhesha isukuti kuwa urithi unaohitaji kulindwa kwa dharura. Katika siku za ujana wa Mukabi haikuhitaji mlinzi, kwani mdundo wake ulikuwa ukisikika kila penye watu.

Gita lilikuwa mgeni. Baada ya Vita Vikuu vya Pili vya Dunia, baadhi ya askari waliorejea makwao walirudi nalo. Tawi la reli kutoka Kisumu hadi Butere nalo likawa njia ya watu na vitu, na kila kijana aliyerudi likizoni kutoka mjini alikuja na habari za santuri mpya. Kutoka Kongo zilivuma sifa za Jean-Bosco Mwenda, ambaye wimbo wake Masanga ulikuwa umerekodiwa mwaka 1952. Vijana wengi wa Kenya walijitahidi kumwiga. Mukabi hakutosheka kuiga. Aliuchukua mdundo wa ngoma za kwao akauhamishia kwenye nyuzi za gita, na mtindo uliozaliwa ukaitwa omutibo.

Katika omutibo, kidole gumba cha mpigaji hushikilia nyuzi nene na kupiga besi bila kukoma, kama ngoma kubwa inavyofanya uwanjani. Kidole cha shahada nacho hucheza juu ya nyuzi nyembamba na kuufuata wimbo, mara kikiijibu sauti ya mwimbaji, mara kikiitangulia. Kando yake huketi mwenzake mwenye chupa ya Fanta, ile ya zamani yenye migongo migongo, akiikwaruza na kuigonga kwa kipande cha chuma. Kwa gita moja, chupa moja na sauti za wanadamu, kundi dogo liliweza kuichezesha hadhira nzima pasipo umeme wala vipaza sauti.

Sengula Nakupenda ni tunda la ufundi huo. Santuri za wakati ule ziliubana muziki katika muda wa takriban dakika tatu kwa kila upande. Mtunzi hakuwa na nafasi ya kuzungukazunguka. Ilimbidi alitaje lengo lake mapema, na ndivyo hata jina la wimbo linavyofanya. Linamwita mpendwa kwa jina, kisha linakiri mapenzi kwa neno moja. Kwa mwanafunzi wa sarufi, neno hilo nakupenda si dogo. Ndani yake mna mwenye kupenda, wakati wa kupenda, mwenye kupendwa na mzizi wa kupenda kwenyewe, na kiambishi cha nafsi ya kwanza kimemezwa kama kinavyomezwa katika mazungumzo ya kila siku. Mukabi hakutafuta lugha ya vitabuni. Aliimba kama watu walivyosema.

Uamuzi wa kuimba kwa Kiswahili ulikuwa na matokeo makubwa. Kama angemwita Sengula kwa Lukisa pekee, huenda sifa za wimbo zingeishia mipakani mwa Uluhya. Kiswahili kiliuvusha. Msikilizaji wa Nakuru au Nairobi aliyaelewa maneno, huku mwenzake wa Kisa akiutambua pia mdundo wa nyumbani. Wimbo huo ulikuwa wa taifa kwa lugha na wa Kakamega kwa mwendo.

Mwaka 1963, mwaka Kenya ilipopata uhuru, George Mukabi aliuawa. Alikuwa bado na nguvu zake, na muziki wake ulikuwa umeanza tu kufika mbali. Hakuishi kuona gita la umeme na benga vikitawala miaka iliyofuata na kuwasukuma wapigaji wa gita kavu pembezoni.

Hata hivyo, mbegu ilikuwa imekwisha kupandwa. Katika Bunyore, jirani ya Kisa, kundi la Abana ba Nasery liliendeleza upigaji wa gita na chupa, na mwanzoni mwa miaka ya 1990 albamu yao Nursery Boys Go Ahead! ilitolewa Uingereza. Mtafiti John Low aliandika historia ya muziki wa gita wa Kenya mwaka 1982, na ndani yake omutibo ina mahali pake. Mwana wa marehemu, Johnstone Ouko Mukabi, naye alilishika gita na kuucheza mtindo wa baba yake. Katika muongo wa 2010, rekodi za Mukabi zilikusanywa kutoka santuri kuukuu na kutolewa upya ng'ambo kwa jina la Furaha Wenye Gita.

Hapo ndipo penye somo, na pengine penye aibu kidogo. Santuri za mwana wa Kisa zimesafishwa na kutunzwa na wageni, ilhali katika madarasa ya fasihi ya Kiswahili jina lake halitajwi sana. Muyaka na Mwana Kupona husomwa, na ni haki yao. Lakini Kiswahili cha bara nacho kina washairi wake, wengine wakiwa hawakuandika hata ubeti mmoja kwenye karatasi. Diwani ya Mukabi ilikuwa nyuzi sita na chupa. Wazee walioucheza wimbo wa Sengula wakiwa vijana wanazidi kupungua katika vijiji vya Khwisero, na kila mmoja anayeondoka huenda na ukurasa wa diwani hiyo.